Usalama wa nchi usiwe sababu ya kumuweka mtu rumande miaka bila hukumu

Ndugu Mhariri,

Assalaam alaykum. Naomba unipe nafasi kwenye gazeti lako niseme jambo ambalo limenikaa moyoni muda mrefu, na najua wapo wengi huku Pemba na Unguja linawakera vile vile ila kuliandika wanaogopa. Jambo lenyewe ni hili la mtu kukamatwa kwa jina la usalama wa taifa, akawekwa ndani miaka na mikaka, kesi inapigwa kalenda tu, kila tarehe ikifika wakili wa Serikali anasimama anasema upelelezi haujakamilika, hakimu anaandika tarehe nyengine, mtu anarudishwa rumande, familia inarudi nyumbani. Halafu siku moja kesi inafutwa na mtu anaambiwa haya nenda zako.

Kabla sijafika mbali nataka nieleweke vizuri. Mimi si katika wale wanaosema ugaidi ni hadithi ya wazungu. Hatari zipo na tumeziona kwa macho yetu. Tarehe 7 Agosti 1998 bomu liliripuka ubalozi wa Marekani Dar es Salaam wakafa watu 11, na asubuhi hiyo hiyo Nairobi wakafa zaidi ya 200, wengi wao wapita njia na makarani waliokuwa kazini kwao, na katika waliotiwa hatiani baadae walikuwemo watoto wa visiwa hivi hivi, mmoja wa Unguja na mmoja wa Pemba. Na wenyewe tulikuwa na kile kipindi cha 2012 mpaka 2014 ambacho watu hawapendi kukikumbuka. Novemba 2012 Sheikh Fadhil Soraga, katibu wa Mufti, alimwagiwa tindikali akiwa mazoezini. Krismasi ya mwaka huo huo Padri Ambrose Mkenda akapigwa risasi. Februari 2013 Padri Evarist Mushi akauliwa kwa risasi Jumapili asubuhi. Agosti ikawa zamu ya wasichana wawili wa Kiingereza waliokuja kujitolea kusomesha, wakamwagiwa tindikali Mji Mkongwe, na 2014 yakaja mabomu mpaka Darajani mtu akafa. Basi mtu asije akaniambia mimi natetea wahalifu. Alomwagiwa tindikali usoni ana haki zake na mimi nitakuwa wa mwanzo kumdaia.

Sasa ndio nauliza, katika yote hayo, ile kesi kubwa kuliko zote ilotangazwa sana, ile ya viongozi wa Uamsho, jumuiya ya kidini ya hapa Zanzibar, ilitupa nini? Tukumbushane. Oktoba 2012 zilitokea vurugu Unguja, askari polisi mmoja akauliwa, Sheikh Farid Hadi Ahmed na Sheikh Mselem Ali Mselem na wenzao wakakamatwa wakashtakiwa hapa hapa Zanzibar. Ilipofika 2014 tukasikia wako Dar es Salaam wanasomewa mashtaka ya ugaidi chini ya Sheria ya Kuzuia Ugaidi ya mwaka 2002, na hilo ni kosa lisilo na dhamana. Mawakili wao wakahoji, vipi mambo yanayodaiwa kufanyika Zanzibar yasikilizwe Dar wakati Zanzibar ina Mahakama Kuu yake? Kesi ikaenda ikirudi, mwaka ukaisha ukaja mwengine, mpaka Juni 2021 DPP, yaani Mkurugenzi wa Mashtaka, akaamua kuifuta na wakaachiwa. Karibu miaka saba. Mtoto aloanza darasa la kwanza wakati babaake anapelekwa Dar alikuwa amefika darasa la saba na bado hajamuona baba nje ya geti la gereza.

Wapo waloshangilia kuachiwa kwao na wapo walonung'unika, mimi nilichokiona ni kwamba hakuna jaji alosema hawa wana hatia na hakuna jaji alosema hawana. Kesi imefutwa basi. Na wanasheria wanatwambia kesi ikifutwa na DPP kwa namna ile haimkatazi kumshtaki tena mtu yule yule kwa kosa lile lile akitaka. Yaani miaka saba imeliwa na hata lile jina la kuwa mtu safi hujapewa. Na upande wa pili, kama kweli palikuwa na ushahidi wa watu kupanga kuua, basi waloumizwa nao hawakupata kitu, hawakusikia shahidi akihojiwa, hawakuona karatasi ikitolewa mahakamani, wamebaki kubahatisha barazani nani alifanya. Nani amefaidika hapo? Usalama wetu umeongezeka wapi? Hili ndilo ninalotaka watu waliangalie vizuri, kwa sababu tumezoeshwa kuambiwa kwamba haki za mtuhumiwa na usalama wa nchi zinavutana, ukizidisha hiki unapunguza kile, na mimi naona kwa hapa kwetu kuinyima haki kesi kumeuharibu na usalama wenyewe.

Nitoe mfano mdogo ambao hata magazetini haukutoka. Mtaani kwetu hapa Wete kuna mama mmoja ana kijana wake fundi simu. Usiku mmoja baada ya Isha vijana wamekaa maskani wanakunywa kahawa, ikaja gari vioo vyeusi, wakashuka watu wamevaa kiraia, hawakuonesha kitambulisho, hawakusema wanatoka wapi, wakamtia ndani wakaondoka nae. Mama yule alikuja kwetu akiwa ameshika mkononi dawa ya pumu ya kuvuta ya mwanawe, ile ya kupuliza, kwa sababu kijana usiku bila ya ile hapati usingizi. Tukaenda nae kwa sheha. Sheha masikini ya Mungu akatoka na shuka yake, akasema bi mkubwa mimi sikuarifiwa, subirini kukuche. Kulipokucha tukaanza kuzunguka vituo. Cha kwanza wakasema hatunae. Cha pili wakasema hatunae, na yule afande wa kaunta hata daftari hakulifungua, alijibu huku anaandika mambo yake mengine. Dawa ile ilikuwa mkononi kwa mama kutwa nzima, hakuitia mkobani, kila mlango tunaoingia anaitoa mbele kama kwamba wakiiona watamhurumia. Siku kadhaa zikapita ndio mtu mmoja akamnong'oneza kwamba mwanao yuko Unguja. Baadae aliachiwa, hakushtakiwa kosa lolote, simu za wateja wake hajarudishiwa mpaka leo na wateja wanamdai yeye.

Sijui watu wa usalama walikuwa wanatafuta nini na inawezekana walikuwa na sababu nzuri tu, mana simu anazotengeneza fundi zinatoka kwa watu wa kila aina. Lakini kumwambia mama mwanao yuko pahala fulani, mzima, na dawa yake mpe afande atampelekea, hilo lingeharibu upelelezi gani? Na angalia kilichobaki. Vijana wote wa maskani ile, na maskani za jirani, wamejifunza kitu kimoja: ukiona jambo, nyamaza. Na hawa ndio watu ambao Serikali inawahitaji kuliko kamera za barabarani. Pemba hii imezungukwa na bandari bubu, usiku vinaingia vyombo vya kila namna, na wanaoviona ni wavuvi wa dago, vijana wanaokwenda kuchokoa pweza bamvua likitoka, wanawake wa mwani. Kule kusini mwa nchi tumeona hali ilivyo, Cabo Delgado ya Msumbiji inawaka tangu Oktoba 2017 na Oktoba 2020 wale wapiganaji wa kule walivuka mto Ruvuma wakaingia kijiji cha Kitaya, Mtwara, wakaua na kuchoma nyumba. Hatari ya namna ile haisimamishwi na gari la vioo vyeusi, inasimamishwa na mvuvi ambae akiona mashua asoijua anapiga simu polisi bila ya kuogopa kwamba yeye ndie atakaelala ndani. Uoga huo tumewatia wenyewe.

Halafu sisi Zanzibar tuna historia ya jambo hili, si geni kwetu, na ajabu yake ni kwamba kila mara inakuja kuonekana baadae kuwa yale makosa makubwa makubwa hayakuwa vile. Mwaka 1973 ilipoanza kesi ya uhaini kufuatia kuuliwa kwa Mzee Karume, watuhumiwa hawakuruhusiwa mawakili, na watu walihukumiwa kifo katika hali ile. Mwaka 1989 Maalim Seif Sharif Hamad aliwekwa ndani kwa habari ya nyaraka za siri za Serikali akakaa mpaka 1991, na huyo huyo 2010 akaapishwa kuwa Makamu wa Kwanza wa Rais akawa anaziona siri za Serikali kila asubuhi mezani kwake. Halafu ikaja kesi ya uhaini ya wana CUF 18, walokamatwa 1997 na 1998. Hao walikaa rumande hadi Novemba 2000, na Mahakama ya Rufani ikatoa uamuzi kwamba kosa la uhaini haliwezi kutendwa dhidi ya Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar kwa sababu Zanzibar peke yake si dola, dola ni Jamhuri ya Muungano. Yaani kosa lenyewe walioshtakiwa nalo halikuwepo kisheria! Na mmoja kati ya wale 18, Mzee Juma Duni Haji, 2010 akawa Waziri wa Afya wa Serikali ile ile ilomuita haini. Mtu atasema hizo ni siasa, zimepita, tumeshapatana. Sawa, na Alhamdulillahi tumepatana. Lakini miaka ile hawakurudishiwa, na waloandika hati ile ya mashtaka hawakuulizwa kitu.

Sitaki kuingia sana Januari 2001, yale mauaji ya kwenye maandamano, mana mimi mtu wa Wete, siku ile sisi tunaijua. Nitasema tu kwamba Tume ya Brigedia Jenerali Hashim Mbita ilihesabu watu 31 walokufa, na zaidi ya watu 2,000 walikimbilia Shimoni, Kenya, wengine kwa ngalawa. Kila amri iliyotolewa siku zile ilitolewa kwa jina la usalama.

Wengine watasema hayo ni mambo ya Zanzibar na uchaguzi wake, Bara hakuna. Yapo. Freeman Mbowe, mwenyekiti wa Chadema wakati ule, alikamatwa Julai 2021 akashtakiwa kesi ya ugaidi, Machi 2022 DPP akaifuta. Sasa ukiangalia, hii sheria ilotungwa 2002 baada ya dunia kutikiswa na yale ya Septemba 2001 New York, sheria ya kutukinga na watu wanaotega mabomu, ikitumika mara hii kwa masheikh mara hii kwa wanasiasa na kesi zote zinaishia kufutwa bila ya hukumu, watu watakuja kuacha kuiamini kabisa, na siku litakapokamatwa gaidi la kweli nusu ya nchi itasema kabambikiwa. Mimi naiogopa sana siku hiyo.

Katiba zetu hazina upungufu hapo. Katiba ya Jamhuri ya Muungano ibara ya 13(6) inakataza mtu alieshtakiwa kutendewa kama mwenye kosa mpaka ithibitike ana hatia, na inakataza kuteswa, na hapo haikuweka "isipokuwa". Katiba ya Zanzibar ya 1984 nayo ibara ya 12 inalinda haki ya kusikilizwa na ya 14 inalinda uhuru wa mtu. Ni kweli ibara ya 30 ya Katiba ya Muungano inaruhusu haki kuwekewa mipaka kwa ajili ya ulinzi na usalama wa jamii, na iruhusu, hakuna nchi isofanya hivo. Lakini mpaka ni kitu kinachojulikana kinapoanzia na kinapoishia. Mtu akiwekwa ndani bila dhamana na bila tarehe ya mwisho ya upelelezi, hapo pana mpaka gani? Mahakama ya Rufani yenyewe ilishawahi kulisemea hili la dhamana katika kesi ya Daudi Pete mwanzoni mwa miaka ya 90, ikabatilisha kifungu kimoja kilichokuwa kinawanyima dhamana watu moja kwa moja. Mei 2020 Mahakama Kuu ikasema kifungu cha 148(5) cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, kile kinachotaja makosa yasiyo na dhamana, kinakwenda kinyume na Katiba, katika kesi ya Dickson Sanga, watu wakafurahi, Agosti 2020 Mahakama ya Rufani ikautengua uamuzi ule. Naiheshimu Mahakama, ndio sheria ilivyo leo. Basi kazi imebaki kwa waliochaguliwa kutunga sheria.

Najua majibu ya watu wa usalama na naomba niyachukue kwa uzito wake. Watasema kesi za ugaidi si kesi za kuku. Mashahidi wanatishwa, fedha zinapitia nchi mbili tatu, simu na kompyuta zinahitaji wataalamu, nchi nyengine ukiziandikia barua zinajibu baada ya mwaka. Yote kweli. Kwa hivyo wapewe muda zaidi, mimi sina tatizo na muda zaidi. Ila uwe muda wenye mwisho na awepo jaji wa kuuliza: tangu tarehe ile mpaka leo umefanya nini? Umemhoji nani? Barua umeandika lini? Hakimu wa mahakama ya chini leo hana meno hayo, kesi si yake kuisikiliza, kazi yake ni kupanga tarehe tu, na wakili wa Serikali analijua hilo.

Tuangalie na wenzetu walopigwa kweli kweli. London Julai 2005 mabomu yaliua watu 52 kwenye treni na basi. Serikali ya Tony Blair ikataka polisi waruhusiwe kumshikilia mtuhumiwa wa ugaidi siku 90 kabla ya kumshtaki. Bunge lao likakataa, tena miezi minne tu baada ya mabomu, watu hawajakauka machozi. Wakakubaliana 28, na 2011 zikarudi 14. Na kila baada ya siku chache polisi lazima aende kwa jaji. Wao hatari imewaisha? Haijaisha, lakini wanashtaki, wanahukumu, na mtu akifungwa amefungwa. Jirani zetu Kenya walichukua njia nyengine, baada ya shambulio la duka la Westgate Nairobi 2013 walipouliwa watu 67, Aprili 2014 wakakamata maelfu ya Wasomali wa Eastleigh wakawajaza uwanja wa Kasarani. Mwaka mmoja baadae, Aprili 2015, Garissa ikapigwa wakafa 148, wengi wanafunzi wa chuo kikuu. Ule msako wa Kasarani haukuwazuia walokuja kuua watoto kule.

Na kuna kisa ambacho ni chetu hasa na naona hatukizungumzi ipasavyo. Ahmed Khalfan Ghailani, mzaliwa wa Unguja, alikamatwa Pakistan 2004 kwa habari ya yale mabomu ya 1998. Wamarekani wakamuweka kwenye magereza yao ya siri ya CIA, kisha Guantanamo 2006, mpaka 2009 ndio wakampeleka mahakama ya kawaida New York. Kesi ilipotaka kuanza 2010, Jaji Lewis Kaplan akamkataa shahidi mkubwa wa Serikali kwa sababu habari za shahidi yule zilipatikana kwa kumhoji mtuhumiwa kwa mabavu. Serikali ya Marekani yote ile, na nguvu zake, ikanyang'anywa shahidi wake na jaji mmoja. Jopo la raia likamuona hana hatia katika mashtaka zaidi ya 280 na likamtia hatiani kwa shtaka moja la kula njama. Kwa hilo moja, 2011 akahukumiwa kifungo cha maisha. Mimi nakisoma kisa hiki hivi: mabavu ndio yalowapotezea shahidi, na mahakama ya wazi ndio ilowapa hukumu ambayo mpaka leo imesimama. Wale wanaotuhumiwa kupanga mambo ya Septemba 2001, ambao walibakishwa Guantanamo kwenye mahakama za kijeshi, wamekamatwa tangu 2002 na 2003 na kesi yao mpaka leo haijafika hukumu. Familia za walokufa New York zinazeeka zinasubiri.

Na yule wa Pemba, Khalfan Khamis Mohamed, alikamatwa Cape Town 1999 akakabidhiwa Wamarekani haraka haraka. Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini 2001 ikasema kumkabidhi vile, kwenye nchi yenye adhabu ya kifo bila ya kuchukua ahadi kwamba hatonyongwa, kulikwenda kinyume na katiba yao. Hakuachiwa, alishakuwa mikononi mwa mahakama ya New York na akapata kifungo cha maisha. Lakini mahakama ya Kiafrika ilithubutu kusema hivyo kwa ajili ya mtu alotuhumiwa kosa zito kuliko yote, mtu asokuwa hata raia wao. Sisi kwa raia wetu tunashindwa nini?

Nafika kwenye ninaloomba. Sheria ya Kuzuia Ugaidi ni ya Muungano, kwa hivo hili ni la Dodoma, na Zanzibar ina wabunge 50 wa majimbo kule na watano wanaotoka Baraza la Wawakilishi. Hao hamsini na tano wakishikana wanaweza. Wapeleke hoja sheria iseme wazi kwamba katika kosa lisilo na dhamana upelelezi una muda maalum, ukipita DPP aende mbele ya jaji wa Mahakama Kuu aeleze kwa nini aongezewe, na jaji awe na uwezo wa kumpa mtu dhamana yenye masharti magumu, hata akitaka hati ya kusafiria na kuripoti kila siku sawa. Bara 2022 walirekebisha sheria kwamba kesi isifikishwe mahakamani mpaka upelelezi ukamilike, ni jambo jema, lakini makosa makubwa wakayaacha nje, na hayo ndio yanayowaozesha watu ndani. Na Tume ya Haki Jinai ilokuwa chini ya Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman, 2023 ilipendekeza chombo huru cha upelelezi kilicho mbali na polisi wanaokamata. Ripoti ile isiachwe kabatini.

Wawakilishi wetu Chukwani nao wana lao. Zanzibar ina Sheria yake ya Mwenendo wa Jinai ya 2018. Iandikwe humo kwamba mtu akikamatwa, na yeyote yule, na kwa kosa lolote lile, ndani ya saa 24 familia yake iambiwe yuko kituo gani na afande gani anaehusika nae, na afande atakaekataa kusema au kusema uongo awe ametenda kosa. Hilo halina gharama. Halihitaji mtaalamu kutoka nje. Na mtu aloshikiliwa miaka kisha kesi ikafutwa alipwe, na wala isiwe mpaka ahangaike tena mahakamani miaka mengine kumi kuyadai, na akitaka apewe maandishi kwamba hana hatia.

Na wewe Mhariri nina ombi kwako. Mtu akikamatwa kwa ugaidi mnaweka ukurasa wa mbele na picha yake akishuka kwenye karandinga, kesi ikifutwa inakuwa habari fupi ndani karibu na matangazo ya vifo. Katikati hapo, zile tarehe zote za kuahirishwa, hakuna kitu. Waandishi wenu wakae na kesi hizi, kila mwezi mtoe hata jadweli dogo tu: kesi fulani, imefunguliwa lini, imeahirishwa mara ngapi, na sababu iliyotolewa siku ile mahakamani ni ipi. Mkianza na zile zinazowahusu Wazanzibari mimi nitalinunua gazeti nilibandike kwenye mbao za matangazo hapa skuli.

Mwalimu wa skuli,
Wete, Pemba